Malale: Ugonjwa Uliohamisha Watu wa Mwambao wa Imbo

Miongoni mwa misiba yote impatayo binadamu, hakuna umtishao kama ugonjwa usiojulikana asili yake. Vita huonekana vikija, na njaa hutanguliwa na ukame au nzige. Lakini maradhi yasiyo na jina huingia nyumbani bila hodi, yakamchukua baba leo na mtoto kesho, nao waliobaki wasijue wamlaumu nani wala wajikinge na nini.

Jambo hili si la bara moja wala la karne moja. Katika mwaka 1485 huko Uingereza ulizuka ugonjwa ambao watu waliuita ugonjwa wa jasho. Ulionekana wakati ule ule majeshi ya Mfalme Henry wa Saba yalipokuwa yakiingia katika mji wa London baada ya ushindi wao. Ulirudi tena mwaka 1508, 1517, 1528 na 1551. Mtu aliamka mzima, akapatwa na baridi, kisha jasho jingi, na mara nyingi kabla ya saa ishirini na nne kupita alikuwa maiti. Mwezi wa Julai 1551 mama mmoja wa jamaa bora, mjane wa Mtemi wa Suffolk, alifiwa na wanawe wawili siku moja, nao walikuwa vijana waliokuwa wakisoma Cambridge. Baada ya mwaka huo ugonjwa ukatoweka, na mpaka leo wataalamu hawajakubaliana ulikuwa ugonjwa gani.

Ndugu msomaji, huenda ukasema kwamba hayo ni ya Wazungu wa zamani. La. Mwambao wetu wa Ziwa Tanganyika, kuanzia Bujumbura kupita Rumonge, Kigwena na Nyanza-Lac hadi mpakani, nao una habari yake. Yapata miaka mia moja na ishirini iliyopita, ugonjwa uliokuwa fumbo kwa wenyeji na kwa matabibu wa Ulaya vile vile ulizifunga nyumba za Imbo, ukawahamisha watu kutoka ufukoni na kuiacha michikichi yao ikimezwa na vichaka. Ugonjwa huo ni malale. Habari yake yafaa isomwe na kila jamaa, na hasa na wale ambao kazi yao ni kulinda wananchi, kwa sababu wakati ule amri za daktari zilitekelezwa kwa mkono wa askari.

NCHI ILIYOKWISHA KUDHOOFIKA

Malale hayakukuta nchi yenye nguvu. Katika miaka ya 1890 Burundi ilikuwa imepigwa na misiba iliyofuatana. Kwanza ilikuja sotoka ya ng'ombe, ambayo wenyeji waliita muryamo. Iliwaua ng'ombe kwa makundi, ikawanyima watu maziwa, samadi na mali ya kuolea. Ikafuata ndui. Ukaja ukame, wakaja nzige. Akaja na funza, mdudu mdogo wa miguuni, ambaye aliletwa na meli iliyotoka Brazil hadi pwani ya Angola mwaka 1872, akavuka bara zima kwa miguu ya wapagazi na askari mpaka akafika katika maziwa yetu makuu. Mtu aliyeharibiwa vidole na funza hawezi kulima wala kupiga kasia.

Aidha, huo ulikuwa wakati wa misafara mingi. Biashara ya pembe na ya watumwa ilikuwa imeziunganisha Ujiji, Uvira na nchi ya Manyema. Baadaye zikaja dola za kikoloni pamoja na vita vyao, kodi zao na upagazi wao. Wajerumani waliweka boma Usumbura, ndiyo Bujumbura ya leo, na Wabelgiji wakashika upande wa magharibi wa ziwa. Watu waliosafiri siku chache kutoka kwao sasa walisafiri miezi, na vijidudu vilisafiri ndani ya damu yao.

Malale yenyewe hayakuwa mapya katika Afrika. Mwanachuoni Ibn Khaldun aliandika katika karne ya 14 kwamba mfalme mmoja wa Mali aliugua ugonjwa wa usingizi muda wa miaka miwili hata akafa. Jipya lilikuwa ukubwa wa mlipuko. Katika Uganda, kandokando ya ziwa la Victoria, matabibu wa hospitali ya Mengo waliwaona wagonjwa wa kwanza mwaka 1901. Waganda waliuita mongota, yaani ule wa kusinzia. Katika miaka ishirini iliyofuata watu zaidi ya 200,000 walikufa huko, hasa Busoga na katika visiwa vya Sese. Katika miaka hiyo hiyo ya mwanzo wa karne ya 20 ugonjwa ulionekana pia katika kingo za Ziwa Tanganyika, upande wa Kongo na upande wa Imbo.

JINSI ULIVYOINGIA NYUMBANI

Ili tufahamu uzito wa msiba huu kwa jamaa, yatupasa tufahamu mwenendo wake. Malale ya aina iliyoshika mwambao wetu hayaui kwa siku moja kama ule ugonjwa wa jasho. Huua polepole, kwa miezi na hata kwa miaka, na huo ndio ukatili wake.

Mwanzoni mgonjwa hupata homa inayokuja na kuondoka. Kichwa humuuma, viungo humlegea, ngozi humwasha. Tezi za nyuma ya shingo huvimba. Katika nchi ya homa nyingi kama Imbo, nani angeshtuka kwa homa moja zaidi? Mtu huyo huendelea kuvua dagaa usiku na kulima mchana, naye hajui kwamba amekwisha kubeba kifo chake.

Kisha vijidudu huingia katika ubongo. Hapo mtu hubadilika mbele ya macho ya watu wake. Baba aliyekuwa mpole huwa mkali bila sababu, au huanza kucheka na kulia ovyo. Mama aliyekuwa hodari husahau chungu jikoni kikaungua. Usiku mgonjwa hakai kitandani, huzunguka. Mchana husinzia akiwa ameketi, husinzia akisemeshwa, na mwishowe husinzia tonge likiwa bado mdomoni. Hukonda akabaki mifupa. Wenzake humlisha, humnawisha na kumgeuza kama mtoto mchanga, na mwisho wake, asipopata dawa, ni kifo.

Zingatia maana ya jambo hili katika nyumba. Ugonjwa uuao kwa siku moja huacha kilio, lakini ugonjwa uuao kwa miaka miwili hula kwanza nguvu ya wazima. Binti huacha shamba ili amuuguze mama. Mwana huacha mtumbwi ili amlinde baba asitumbukie motoni au ziwani. Akiba humalizikia kwa waganga. Tena, kwa kuwa mgonjwa hubadilika tabia, majirani hudhani amerogwa, au kwamba yeye mwenyewe ndiye mchawi, na ugomvi ukaingia pale palipohitaji kusaidiana. Kwa kuwa watu wa nyumba moja huchota maji penye kivuli kimoja na kupanda mtumbwi kutoka bandari moja, mara nyingi aliyemuuguza mwenziwe leo ndiye aliyeuguzwa kesho.

KUMTAFUTA MWUAJI

Fumbo la malale lilifumbuliwa hatua kwa hatua. Mwaka 1902 na 1903 tabibu Mwitaliano, Aldo Castellani, akiwa Uganda, aliona kwa hadubini vijidudu vyembamba vyenye kuogelea katika maji ya uti wa mgongo ya wagonjwa. David Bruce, daktari wa jeshi la Waingereza, akaonyesha mwaka 1903 kwamba vijidudu hivyo huchukuliwa na mbung'o. Mwaka 1909 Friedrich Karl Kleine, tabibu Mjerumani aliyefanya kazi katika nchi ambayo sasa ni Tanzania, alithibitisha kwamba mbung'o si chombo cha kubebea tu. Kijidudu hukua ndani ya tumbo lake, na hupita yapata wiki tatu kabla nzi huyo hajaweza kuambukiza. Tangu hapo huambukiza muda wote wa maisha yake.

Mbung'o wa malale ya mwambao hupenda kivuli chenye unyevu karibu na maji. Hupenda pale wanawake wanapochota maji, pale mitumbwi inapofungwa, na pale miti ya mto inapokutana na ufuko. Tofauti na mbu, dume na jike wote huuma, tena huuma mchana. Jike hatagi mayai mengi kama nzi wa kawaida, bali huzaa buu mmoja tu kwa wakati, ambaye hujifukia katika udongo laini chini ya kivuli. Kwa sababu hiyo mbung'o huongezeka polepole, na mtu anayeharibu kivuli chake huweza kumshinda.

Apitaye leo katika barabara ya Rumonge kwenda Nyanza-Lac huuona msitu wa Kigwena, hifadhi ya takriban hekta 500, masalio ya misitu ya bonde iliyokuwa karibu na ziwa. Ni msitu wa kujivunia, wenye nyani na ndege na kivuli kizito. Lakini auonapo na akumbuke kwamba kwa mtu wa Imbo wa mwaka 1910 kivuli cha namna hiyo kando ya maji kilikuwa na maana nyingine. Hakujua kwamba pale alipopumzikia jua ndipo alipoviziwa.

SINDANO, KAMBI NA AMRI

Mwaka 1906 serikali ya Ujerumani ilimtuma Robert Koch, bingwa aliyekuwa amegundua kijidudu cha kifua kikuu, aje Afrika ya Mashariki kuchunguza malale. Alipiga kambi katika visiwa vya Sese. Huko alitumia dawa iitwayo atoksili, iliyotengenezwa kwa aseniki ambayo ni sumu. Mwanzoni watu walishangilia. Wagonjwa waliobebwa kwa machela waliweza kusimama, na habari zikaenea, mitumbwi ikaja imejaa wagonjwa. Lakini furaha haikudumu. Vijidudu viliondoka katika damu kwa muda, kisha vikarudi. Koch alipoongeza kipimo cha dawa, baadhi ya wagonjwa walipofuka macho wasione tena. Hapo wengi wakaacha kuja.

Koch alishauri kwamba wagonjwa watengwe katika kambi maalumu, vichaka vya ufukoni vifyekwe, na hata mamba wauawe, maana alidhani damu ya mamba ndiyo iliyowalisha mbung'o. Kuanzia mwaka 1907 na 1908 Wajerumani walifuata shauri la kambi, katika ziwa la Victoria na katika Ziwa Tanganyika, Usumbura na Imbo ya kusini zikiwamo. Wenyeji waliofundishwa kazi ya kupapasa shingo walipita vijijini kutafuta tezi zilizovimba. Aliyeonekana nazo alipelekwa kambini, akatolewa damu, akadungwa sindano.

Hebu tulitazame jambo hili kwa macho mawili. Kwa jicho la daktari, ilikuwa vita ya haki. Mgonjwa mmoja aliyebaki kijijini penye mbung'o alikuwa chemchemi ya kifo kwa jirani zake, naye huenda alikuwa bado anatembea na kucheka. Kwa jicho la jamaa, mambo yalikuwa mengine kabisa. Mgeni anapapasa shingo ya mkeo, anasema ni mgonjwa ilhali wewe unamwona mzima. Anachukuliwa mbali na watoto. Anadungwa dawa iliyosemekana kupofusha. Na wengi waliokwenda hawakurudi. Je, ni ajabu kwamba watu waliwaficha wagonjwa wao, au kwamba wagonjwa walitoroka kambini usiku ili wafe kwao, wazikwe na watu wao?

Wazee husema kwamba mficha maradhi kifo humuumbua, na methali hiyo ni ya kweli. Lakini yafaa tuulize pia ni nini kinachomfanya mtu afiche. Mtu hafichi maradhi kwa daktari anayemwamini. Huyaficha kwa daktari anayekuja amefuatana na bunduki, chini ya serikali inayomtoza kodi na kumlazimisha upagazi, bila kumweleza jambo kwa lugha yake. Utawala wa Wajerumani katika Urundi ulikuwa mikononi mwa maafisa wa jeshi, nao waliizoea zaidi amri kuliko maelezo. Hofu hiyo ilikuwa mshiriki wa mbung'o.

KUHAMA UFUKO

Dawa iliposhindwa, ilibaki njia ya kuwatenga watu na nzi. Uganda ndiyo iliyotangulia. Kuanzia mwaka 1906 Gavana Hesketh Bell aliamuru watu waondolewe katika kingo za ziwa, na baadaye visiwa vya Sese navyo vikahamwa. Upande wa kusini wa Ziwa Tanganyika, katika nchi ambayo sasa ni Zambia, serikali ya kampuni ya Waingereza ilifanya vivyo hivyo. Katika Imbo nako, sehemu za ufuko zilihamwa, watu wakasogezwa mbali na maji na kuelekea vilimani, uvuvi na safari za mitumbwi zikazuiliwa.

Kuhama kwaweza kuonekana jambo jepesi likiandikwa katika karatasi ya boma. Kwa mtu wa mwambao haikuwa hivyo. Maisha yake yote yalitegemea ziwa. Samaki ndiye kitoweo chake na ndiye fedha yake, maana aliyekaushwa alibadilishwa kwa maharage na mtama wa watu wa milimani. Mchikichi ulimpa mawese ya kupikia na ya kuuza, na mchikichi haubebwi kichwani, wala haukui kwa mwaka mmoja. Makaburi ya wazee wake yalikuwa pale. Huko juu alikokwenda alikuta mashamba yenye wenyewe, baridi asiyoizoea, na jamaa wa kuombwa kipande cha ardhi. Aliyekuwa mwenyeji akawa mgeni.

Tena kulikuwa na madhara ambayo hata madaktari hawakuyatazamia. Shamba likiachwa, kichaka hurudi. Kichaka kikirudi, wanyama hurudi, na mbung'o akapata makao mapya. Bonde lililokuwa limesafishwa kwa majembe ya vizazi vingi likawa pori, na kila mwaka uliopita ulifanya kurudi kuwe kugumu zaidi. Kwa hiyo hatua iliyookoa watu wa kizazi kimoja iliwapokonya watoto wao urithi.

Ndipo ikaja Vita Kuu ya Kwanza. Mwezi wa Juni 1916 majeshi ya Wabelgiji yaliingia Usumbura, na kazi ya Wajerumani ikakoma. Vita vilichanganya tena wapagazi, askari na wakimbizi, na popote majeshi yapitapo, maradhi huwa nyuma yao. Wabelgiji nao waliendeleza uchunguzi wa shingo na damu. Bonde la Imbo lilichukua miaka mingi kupata tena wakazi wake. Ilipofika miaka ya 1950 ndipo mipango mikubwa ya kuwaweka wakulima katika bonde hilo ilipoanzishwa, na baadaye Rumonge ikajulikana nchini kote kwa mawese yake. Wengi wanaokula mawese hayo leo hawajui kwamba ardhi hiyo ilikuwa na wenyewe waliowahi kuondoshwa kwa sababu ya nzi.

DAWA ZILIZOFUATA

Sayansi haikulala. Baada ya atoksili ilikuja suramini, kisha mwaka 1940 ikaanza kutumika pentamidini, ambazo zilifaa kwa ugonjwa uliokuwa bado mchanga. Mwaka 1949 ikapatikana melasoproli kwa ugonjwa uliokwisha ingia ubongoni. Nayo ilitokana na aseniki, na iliwaua kama wagonjwa 5 katika kila 100 waliodungwa, lakini kwa miongo mingi hapakuwa na nyingine. Mwaka 2018 ilikubaliwa dawa ya vidonge, feksinidazoli, ambayo mgonjwa huimeza kwa siku kumi.

Matunda yameonekana. Tangu mwaka 2018 wagonjwa wanaoripotiwa kila mwaka katika Afrika yote wamekuwa chini ya 1,000 au karibu na hapo, na wengi wao wako Kongo, jirani yetu ng'ambo ya ziwa. Mwaka 2022 Shirika la Afya Duniani lilithibitisha kwamba aina moja ya malale si tatizo tena la afya ya umma katika Uganda, ile ile iliyozika watu zaidi ya laki mbili, na pia katika Rwanda. Hata hivyo historia inaonya. Katika miaka ya 1960 malale yalikuwa yamekaribia kwisha, uchunguzi ukalegea, vita vikazuka katika nchi kadhaa, na ugonjwa ukarudi kwa nguvu hadi mwisho wa karne.

MAFUNZO KWA NYUMBA ZETU

Habari hii ina faida gani kwetu sisi wa leo? Mwambao wetu bado hujaribiwa. Kipindupindu hurejea mara kwa mara katika miji ya ziwani. Mwaka 2020 ilikuja korona, na mwezi wa Julai 2024 ugonjwa wa mpoksi ulitangazwa nchini Burundi. Kila mara maswali ya mwaka 1908 hurudi: nani atengwe, nani amlishe aliyetengwa, na nani asimame njiani kuzuia watu wasipite.

Kwanza, jamaa wajizoeze kuyasema maradhi mapema. Homa inayorudi rudi, uvimbe wa shingo, au mabadiliko ya tabia yasiyo na sababu katika mtu mzima si mambo ya kusubiri wala ya kumtafutia mchawi. Ni mambo ya kupeleka zahanati siku hiyo hiyo. Aliyesafiri katika mapori yenye mbung'o amweleze mganga wa zahanati mahali alipopita. Askari anayerudi kutoka kazini mbali na nyumbani lazima afanye hivyo, kwa usalama wake na wa watoto wake.

Pili, mzigo wa kuuguza ugawanywe. Katika malale nyumba nyingi zilianguka kwa sababu mtu mmoja, aghalabu mama au binti mkubwa, aliachiwa kazi yote. Mgonjwa wa muda mrefu ni wa ukoo mzima, wanaume wakiwamo.

Tatu, neno kwa wenye sare. Askari au polisi atakayewekwa penye kizuizi wakati wa maradhi ana silaha mbili, ile aliyoivaa na ulimi wake. Ajue sababu ya amri anayoisimamia, na aweze kumweleza mama mwenye kikapu cha dagaa kwa maneno matatu ya adabu. Mama akielewa, atarudi nyumbani na kuwaambia wenziwe. Akisukumwa bila maelezo, atatafuta njia ya panya, na maradhi yatapita naye.

Nne, wenye mamlaka wanapomhamisha mtu au kumzuilia riziki yake kwa ajili ya afya ya wote, wakumbuke hesabu ya upande wa pili: chakula cha leo, shamba la kesho, na siku ya kurudi. Watu wa Imbo waliambiwa waondoke, na habari ya kurudi ikakaa kimya kwa miaka mingi.

Mwisho, tusisahau kuwauliza wazee wetu. Katika Rumonge, Kigwena na Nyanza-Lac wapo bado waliosimuliwa na babu zao habari za sindano na za kuhama. Yafaa vijana wa shule wayaandike masimulizi hayo wakati wenye kuyasimulia wangalipo, maana makaratasi ya boma yaliandika idadi ya tezi zilizopapaswa, lakini hayakuandika nani alibaki na watoto.